Papa wa mwaka 1627, na namna umri wa papa unavyosomwa

Kila baada ya miezi michache picha ileile hurudi kwenye makundi ya WhatsApp: papa mzito wa rangi ya kijivu, macho yamefifia, ngozi imechakaa, na chini yake maandishi yanayosema kwamba samaki huyu amekuwa akiogelea baharini tangu mwaka 1627. Mtu wa pwani akisoma hivyo hawezi kujizuia kupiga hesabu, kwa kuwa kwa tarehe hiyo papa huyo angekuwa na miaka minne pale Sultani Yusuf bin Hassan alipowageuka Wareno ndani ya Ngome ya Yesu, Mombasa, mwezi Agosti mwaka 1631. Habari hiyo inavutia na sishangai kwamba watu huitumiana. Hata hivyo aliyeiandika amechomoa tarakimu moja kutoka katika utafiti wa maana, akaacha nyuma karibu kila kitu kilichoipa tarakimu hiyo thamani, na ndiyo sababu nimeona niandike kwa urefu kuhusu swali linaloonekana jepesi: papa huishi miaka mingapi, na wanaotupa jibu wamelipata wapi?

Utafiti wenyewe ulichapishwa katika jarida la Science mwezi Agosti mwaka 2016, ukiongozwa na Julius Nielsen wa Chuo Kikuu cha Copenhagen, Denmark. Waliochunguzwa walikuwa papa 28, wote majike, wa spishi iitwayo papa wa Greenland, ambayo huishi katika maji baridi ya Atlantiki ya Kaskazini na Aktiki. Walinaswa kati ya mwaka 2010 na 2013, wengi wao bila kukusudiwa, katika safari za kukadiria wingi wa samaki wengine. Hapa pana jambo la kwanza ambalo picha ya WhatsApp hulificha. Umri wa papa hao ulipatikana kwa kutoa lenzi za macho yao, na lenzi haitolewi kwa papa kisha akaachwa aende zake. Yule mkubwa kuliko wote, mwenye urefu wa sentimeta 502, ambaye ndiye chanzo cha hadithi nzima, alikuwa amekwisha kufa kabla hadithi haijaanza kusambaa.

Mtu anaweza kuuliza kwa nini watafiti walihangaika na jicho. Samaki wenye mifupa, kama changu na nguru, wana mawe madogo ya sikio ndani ya kichwa, ambayo huongezeka tabaka kwa tabaka samaki anavyokua, na mtaalamu huyakata na kuyahesabu matabaka hayo. Papa hana mawe ya namna hiyo, wala hana mifupa. Mwili wake umejengwa kwa gegedu. Katika spishi nyingi za papa pingili za uti wa mgongo hukomaa kwa chokaa na kuonyesha pete, lakini pingili za papa wa Greenland ni laini mno na hazina pete za kuhesabika. Baadhi ya papa wadogo wana miiba mbele ya mapezi ya mgongoni, nayo husomeka. Huyu hana hata mwiba. Kilichobaki ni lenzi ya jicho, ambayo kiini chake hufanyika papa akiwa bado tumboni mwa mama yake, na protini za kiini hicho hazibadilishwi tena maisha yote, kwa kuwa matabaka mapya hujengwa juu ya yale ya zamani bila kuyagusa. Anayekifikia kiini hicho ameshika kipande cha mwili kilichotengenezwa karibu na siku ya kuzaliwa.

Kipande hicho hupimwa kwa kaboni-14, aina ya kaboni isiyotulia ambayo hupungua kwa nusu kila baada ya miaka 5,730 hivi. Kwa kiumbe wa karne chache upungufu huo ni mdogo, na baharini mambo huwa magumu zaidi, kwa sababu maji ya kina kirefu yamebeba kaboni ya kale inayoweza kumfanya kiumbe aonekane mzee kuliko alivyo, hivyo kila tarehe ya baharini lazima isahihishwe kwa uangalifu. Karne ya 20 hata hivyo ilituachia alama moja iliyo wazi. Majaribio ya mabomu ya nyuklia yaliyofanywa hewani katika miaka ya 1950 na mwanzoni mwa miaka ya 1960 yaliongeza kaboni-14 angani karibu mara mbili, hadi ulipotiwa saini, mwaka 1963, mkataba wa kupiga marufuku majaribio ya aina hiyo. Kaboni ile ilishuka baharini, ikaingia katika viumbe vidogo, ikapanda hadi kwa samaki wanaowala, na mwishowe ikafika katika viini vya macho ya papa waliozaliwa baada ya hapo. Papa aliyezaliwa mapema zaidi hana alama hiyo katika kiini cha lenzi yake, hata kama aliishi miaka mingi ndani ya bahari iliyochafuliwa, kwa sababu kiini kilikwisha kufungwa.

Kati ya papa wale 28, ni watatu tu, tena wadogo kuliko wenzao, waliokuwa na kaboni ya mabomu. Mmoja wao, mwenye urefu wa sentimeta 220, alionekana kuzaliwa karibu na mwaka 1963, na kwangu mimi hilo ndilo jambo lililo imara kuliko yote katika utafiti ule, ingawa halijawahi kuwekwa kwenye picha ya kutumiana. Tuseme samaki ana nusu karne baharini, na bado hajafika hata nusu ya urefu wa wakubwa wa jamii yake. Kutoka hapo watafiti walisonga mbele kwa hesabu: walichukua urefu wa papa anapozaliwa, ambao ni sentimeta 42 hivi, wakachukua papa huyo wa mwaka 1963 kuwa nguzo ya kwanza, wakachukua kiasi cha kaboni katika papa 25 waliosalia, kisha wakatafuta mwendo wa ukuaji unaoafikiana na vyote hivyo. Kwa papa wa sentimeta 502 jibu lilikuwa miaka 392, jumlisha au toa 120.

Maneno hayo ya mwisho, jumlisha au toa 120, ndiyo yanayopotea njiani. Maana yake ni kwamba watafiti walikuwa na uhakika wa asilimia 95 hivi kwamba umri wa kweli uko mahali fulani kati ya miaka 272 na miaka 512. Ukichukua 512, papa huyo alizaliwa muda mfupi tu baada ya Vasco da Gama kutia nanga Malindi mwaka 1498. Ukichukua 272, alizaliwa karibu na mwaka 1740, Wareno wakiwa wamekwisha kuondoka na Mazrui wakianza kushika uliwali wa Mombasa. Anayetaja mwaka 1627 kana kwamba ameuona kwenye cheti cha kuzaliwa anajipa uhakika ambao Nielsen na wenzake hawakujipa. Mimi nikiulizwa hupendelea kusema "angalau miaka 272", na sioni kwamba jibu hilo linapunguza ajabu yoyote, kwa sababu hata kiwango hicho cha chini kinampita nyangumi wa Aktiki aliyekadiriwa kufikia miaka 211, na kinamfanya papa wa Greenland kuwa mnyama mwenye uti wa mgongo aliyethibitishwa kuishi muda mrefu kuliko wote.

Tena si kwamba wazo la ukuaji wa polepole lilizuka mwaka 2016. Mdenmark mmoja, Poul Marinus Hansen, alianza kuwawekea papa hao alama huko Greenland katika miaka ya 1930. Mmoja aliyewekewa alama mwaka 1936 alinaswa tena mwaka 1952, na katika miaka hiyo 16 alikuwa ameongezeka sentimeta 8 tu. Mtu yeyote mwenye rula angeweza, kuanzia hapo, kukisia kwamba samaki wa mita tano anayeongezeka nusu sentimeta kwa mwaka ni mzee kupita kiasi. Kilichokosekana kwa zaidi ya miaka 60 kilikuwa njia ya kulithibitisha kisio hilo.

Sababu za uzee huo zinaeleweka kwa sehemu. Papa wa Greenland huishi katika maji ambayo mara nyingi hukaribia nyuzi sifuri, na kwa mnyama ambaye joto la mwili wake hufuata joto la maji, baridi hupunguza kasi ya kila kitu: chakula huchomwa polepole, misuli hufanya kazi polepole, hata mwendo wake wa kawaida ni kama theluthi moja ya mita kwa sekunde, ambao ni wa chini kuliko mwendo wa mtu anayetembea bila haraka. Ukubwa wa mwili nao husaidia, kwani kwa kawaida wanyama wakubwa hutumia nguvu kidogo kwa kila kilo ya miili yao. Lakini baridi na ukubwa peke yake havitoshi kueleza miaka mia tatu, maana wapo samaki wengine wakubwa katika maji hayohayo wasioukaribia umri huo. Wapo wanaochunguza misuli, moyo na jeni za papa huyu wakitafuta kinachouzuia mwili wake usichakae, na kazi yao ni njema. Ninachokikataa ni zile habari za mitandaoni zinazoruka kutoka hapo hadi kwenye kidonge cha kurefusha maisha ya binadamu. Mwili wa mnyama anayeishi kwenye nyuzi mbili za joto hauwezi kuhamishiwa kwetu wenye nyuzi 37 kwa kumeza kitu.

Katika utafiti uleule mna tarakimu nyingine ambayo naiona ni nzito kuliko 392. Majike wa spishi hii hupevuka wakiwa na urefu wa mita nne hivi, na kwa hesabu ya Nielsen urefu huo hufikiwa kwenye umri wa miaka 156, jumlisha au toa 22. Kwa karne moja na nusu jike huyo huishi, hula, huwakwepa wavuvi na nyavu zao, naye hajaongeza hata mtoto mmoja. Sasa rudi katika historia ya uvuvi wake. Kwa muda mrefu, hadi katikati ya karne ya 20, papa wa Greenland alivuliwa kwa wingi kwa ajili ya mafuta ya ini lake, yaliyotumika kwenye taa na mitambo, na nyama yake haikuwa na thamani kubwa kwa kuwa ikiwa mbichi hulewesha na kudhuru. Watu wa Iceland huila baada ya kuichachusha na kuianika kwa miezi. Jike aliyezaliwa mwaka 1900 na kunusurika na uvuvi huo atazaa kwa mara ya kwanza karibu na mwaka 2056. Pengo lililoachwa na wavuvi wa mafuta bado halijapata hata kizazi kimoja kamili cha kulijaza, ilhali wavuvi wenyewe, na taa walizokuwa wakiziwasha, wamekwisha kusahaulika.

Papa huyo wa Greenland si kipimo cha papa wote. Duniani zipo spishi za papa zaidi ya 500, na kuuliza "papa huishi miaka mingapi" ni kuuliza swali lenye majibu yaliyotawanyika mno. Upande wa pili kabisa yupo Rhizoprionodon taylori, papa mdogo wa maji ya kaskazini mwa Australia, ambaye hupevuka akiwa na mwaka mmoja na hafiki mbali zaidi ya miaka saba. Kati ya miaka saba na miaka mia tatu ndipo walipo wengine wote, na kwa wengi wao tunategemea pingili za uti wa mgongo.

Kazi ya kusoma pingili ni ya subira. Pingili husafishwa, hukatwa kipande chembamba sana katikati, kisha hutazamwa chini ya darubini, ambapo huonekana jozi za pete, moja angavu na moja ya giza, zilizopangana kama pete za gogo la mti. Mtafiti huhesabu jozi hizo na kuchukulia kwamba kila jozi ni mwaka mmoja. Udhaifu uko katika neno "kuchukulia". Chukua mfano wa papa pingusi, yule mwenye kichwa kama nyundo, ambaye hata wavuvi wetu wa Afrika Mashariki wanamfahamu vizuri. Watafiti waliofanya kazi Taiwan mwishoni mwa karne iliyopita walichukulia kwamba papa huyo huweka jozi mbili kwa mwaka. Wenzao wa Ghuba ya Meksiko na Atlantiki walichukulia jozi moja, wakapata umri wa miaka 30 na ushei. Pingili ni zilezile na pete ni zilezile, lakini kwa upande mmoja papa anapevuka akiwa bado mdogo na kwa upande wa pili anachelewa mara mbili yake, na kila hesabu ya samaki wangapi wanaweza kuvuliwa bila kuwamaliza hubadilika papo hapo.

Kaboni ya mabomu ndiyo iliyokuja kuamua migogoro kama hiyo, kwa sababu pete iliyojengwa mwaka 1960 lazima ionyeshe kaboni ya mwaka 1960, hata mhesabuji aseme nini. Na mara nyingi imewaumbua wahesabuji. Kwa Lamna nasus, papa wa maji baridi ambaye ni wa ukoo mmoja na papa mweupe, uchunguzi uliofanywa New Zealand na kuchapishwa mwaka 2007 ulionyesha kwamba hesabu ya pete huwa sawa hadi kama miaka 20, kisha huanza kupotoka, kwa sababu papa akishakoma kurefuka pete huwa nyembamba mno na kubanana hadi hazitofautishwi. Katika wazee umri uliosomwa kwenye pete ulikuwa pungufu kwa hadi asilimia 50, na ikaonekana kwamba papa hao wanaweza kuvuka miaka 65.

Papa mweupe naye, huyu ambaye watu wengi wanamjua kwa woga tu, alikadiriwa kwa muda mrefu kuishi miaka ishirini na kitu. Mwaka 2014 watafiti wa Woods Hole, Marekani, walipima kaboni katika pingili za papa weupe waliokufa katika Atlantiki ya kaskazini-magharibi kati ya mwaka 1967 na 2010, wakamkuta dume mmoja wa miaka 73 na jike wa miaka 40. Makadirio yaliyofuata yaliweka umri wa kupevuka kwenye miaka 26 kwa madume na 33 kwa majike. Naona inafaa kutulia kidogo kwenye hiyo 33, kwa sababu jike wa papa mweupe aliyevuliwa akiwa na miaka 30, mkubwa wa kutisha, mwenye uzito wa kuhitaji winchi, huenda hakuwahi kuzaa.

Wapo pia papa ambao pete zao hazifai kabisa. Cetorhinus maximus, papa wa pili kwa ukubwa duniani, ana idadi tofauti ya pete katika pingili tofauti za uti uleule wa mgongo, jambo ambalo lingekuwa muhali kama pete zingekuwa kalenda. Lisa Natanson, aliyetumia miaka mingi kusoma pingili za papa Marekani, alionyesha pamoja na wenzake kwamba katika spishi kadhaa pete hufuata unene wa mwili: pingili ya sehemu nene hupata pete nyingi, ya mkiani hupata chache. Pete huko ni sehemu ya ujenzi wa nguzo inayobeba mwili, na miaka huingia humo kwa bahati tu pale ukuaji wa mwili unapokwenda sambamba na majira. Napenda watafiti wanaotumia sehemu ya maisha yao kuukosoa ufundi walioujenga wenyewe.

Njia nyingine ya zamani ni kuweka alama na kusubiri. Australia waliweka alama kwa papa wa spishi ya Galeorhinus galeus kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1940, na baadhi yao walinaswa tena baada ya zaidi ya miaka 35, wakiwa tayari walikuwa watu wazima siku ya kuwekewa alama. Na kwa Squalus suckleyi, papa mdogo wa pwani ya Pasifiki ya Kanada ambaye hazidi sana urefu wa mita moja, husomwa miiba ya mgongoni, nayo imeonyesha kwamba baadhi yao hukaribia miaka 100. Jike wake hubeba mimba kwa karibu miaka miwili, muda unaoipita hata mimba ya tembo wengi, kisha huzaa watoto wachache. Udogo wa mwili, kwa hiyo, si dalili ya maisha mafupi, na mtu anayemwona papa wa kilo chache sokoni hana haki ya kudhani kwamba huyo ni wa juzi.

Kwa upande wetu wa bahari, papa ambaye umri wake unanishughulisha zaidi ni potwe, samaki mkubwa kuliko wote duniani, ambaye Wakenya wengine humwita papa shilingi kwa sababu ya madoa yake. Katika kisiwa cha Mafia, mbele ya Kilindoni, potwe huonekana karibu na uso wa maji kuanzia Oktoba hadi Machi hivi, wakifuata uduvi na samaki wadogo. Kwa miaka mingi watu walidhani kwamba msimu ukiisha wanahama. Vifaa vya sauti walivyofungwa vilionyesha kwamba wengi wao hubaki palepale mwaka mzima, ila husogea mbali kidogo na kushuka chini zaidi. Idadi kubwa ya wanaoonekana ni madume wachanga wa mita sita au saba, na kila mmoja hutambuliwa kwa mpangilio wa madoa nyuma ya matamvua, ambao haufanani kwa papa wawili. Programu inayolinganisha picha hizo ilijengwa juu ya hesabu ambazo wanaastronomia walizibuni kwa ajili ya kulinganisha ramani za nyota, ubunifu uliochapishwa mwaka 2005.

Umri wa potwe ulitajwa kwa muda mrefu kuwa miaka 100 na zaidi, na tarakimu hiyo ilitokana na kurefusha mstari wa ukuaji kwenye karatasi hadi ufike urefu wa potwe wakubwa. Mwaka 2020 ndipo kulipochapishwa kipimo cha kwanza cha kaboni ya mabomu kwa samaki huyu, kwa kutumia pingili zilizokuwa zimehifadhiwa Taiwan na Pakistan. Kipimo kilithibitisha kwamba potwe huweka jozi moja ya pete kwa mwaka, na potwe wa Pakistan, mwenye urefu wa kama mita 10, alikuwa amefikia miaka 50. Kwa kuwa wapo potwe waliopimwa wakiwa na zaidi ya mita 15, miaka 50 haiwezi kuwa kikomo chao, ingawa sioni haja ya mtu kuharakisha kuirudisha ile 100. Kwa madume wa Mafia wa mita sita hesabu hiyo ina uzito wa moja kwa moja: madume wa potwe hupevuka wakikaribia mita nane au tisa, kwa hiyo wale wanaoogelea karibu na mashua za watalii Kilindoni wana miaka mingi mbele yao kabla ya kuwa baba wa yeyote.

Wavuvi wa pwani hii hutumia jarife kwa ajili ya samaki wakubwa, na jarife halibagui umri. Nguru aliyenaswa humo akiwa na miaka mitatu amekwisha kupevuka na huenda amekwisha kutaga. Papa pingusi wa miaka mitatu aliyenaswa kando yake ni mtoto. Sokoni wote wawili huuzwa kwa kilo, na papa akishatiwa chumvi na kukaushwa hakuna anayeweza kuona tofauti. Mimi ni mlaji wa papa mkavu wa nazi tangu utoto, sijifanyi vingine, na simlaumu mvuvi ambaye hajaonyeshwa hesabu hizi. Lakini kanuni za uvuvi zinapoandikwa, umri mkubwa kabisa ambao spishi imewahi kufikia hausaidii sana. Kinachohitajika ni umri wa jike anapozaa mara ya kwanza, idadi ya watoto kwa kila mimba, na miaka anayopumzika kati ya mimba na mimba, na mambo hayo matatu ndiyo yanayokosa kutajwa kila habari ya papa mzee inapotumwa.

Ndiyo maana narudia kuzifikiria zile pingili za Pakistan. Kilichowezesha kipimo cha mwaka 2020 ni kwamba kuna mtu, miaka kadhaa kabla, alikuwa amehifadhi pingili ya samaki aliyekufa. Kwenye mialo yetu pingili hutupwa ama huuzwa pamoja na nyama. Afisa uvuvi akipima urefu wa papa, akaandika jinsia, tarehe na mahali, kisha akatunza pingili chache za sehemu nene ya mgongo zikiwa kavu ndani ya mfuko, gharama yake ni ndogo mno. Tena muda wenyewe unabana, kwa kuwa kaboni ya mabomu husaidia tu pale pingili inapokuwa ya mnyama aliyekuwa hai wakati ile kaboni ilipokuwa ikipanda baharini, katika miaka ya 1950 hadi 1970. Kwa spishi zinazoishi miaka 30 au 40, wa rika hilo wamekwisha kwenda wote, na pingili zao kama zipo ziko kwenye makabati ya vyuo na makumbusho. Kwa zinazoishi miaka 60 au 70, wachache waliosalia wa rika hilo bado hunaswa mara mojamoja, na kila mmoja wao anayekatwakatwa bila pingili yake kuwekwa kando huondoka na tarehe yake.